Barua kwa Watu wa Kyela: Polisi Walinde Sheria, Si Uzio

Ndugu zangu wa Kyela mjini, Ipinda, Matema na Kasumulu,

Huku Berlin habari za nyumbani tunazifuata kila siku.

Nawaandikia kuhusu jambo ambalo kwetu huzungumzwa mabomu ya machozi yakishapigwa, wakati lingefaa kuzungumzwa mapema. Kiwanda kinapokuja, na wananchi wakakipinga kwa sababu ya maji na mashamba yao, polisi wasimame wapi?

Msimamo wangu ni huu: mjenzi mwenye vibali halali anastahili kulindwa. Kyela inahitaji viwanda. Sehemu kubwa ya kakao ya Tanzania inatoka kwetu, lakini hupita mnadani ikiwa mbegu kavu, na faida ya kuisindika huvunwa na wengine. Kijana anayechoma tingatinga la mkandarasi haliokoi Ziwa Nyasa. Anampa mkuu wa polisi wa wilaya (OCD) sababu ya kuita kikosi cha kutuliza ghasia, FFU. Ila uhalali hauanzi siku ya jiwe la msingi. Unaanza kwenye tathmini ya athari kwa mazingira, pale wananchi wanapotakiwa kusikilizwa. Hatua hiyo ikirukwa, askari aliyewekwa langoni analinda kasoro.

Karibu na ninapoishi, huko Grünheide, Tesla walianza kujenga kiwanda cha magari mwaka 2020 kwa vibali vya muda. Februari mwaka huo mahakama ilisimamisha ukataji wa miti kwa siku chache, ikapima pingamizi, kisha ikaruhusu kazi iendelee. Kibali kamili kilitoka Machi 2022. Kiwanda kilipotaka kujipanua mwaka 2024, wapinzani walipiga kambi msituni na kujenga vibanda juu ya miti. Polisi walitaka vibanda vibomolewe. Mahakama ya Potsdam ikakataa. Mwezi Mei, mamia walipojaribu kuvamia eneo la kiwanda, polisi hao hao waliwazuia. Hayo ndiyo ninayoyataka Kyela: askari anayetii hukumu inayomfurahisha mwekezaji na ile inayomuudhi. Na Wajerumani si malaika. Mwaka 2018 waliwaondoa kwa nguvu watetezi wa msitu wa Hambach; miaka mitatu baadaye mahakama ya ngazi ya kwanza ikatamka kwamba operesheni ile haikuwa halali.

Mifano ya jirani mnaijua. Ng'ambo ya Mto Songwe, wilayani Karonga, kuna mgodi wa urani wa Kayelekera. Asasi za kiraia za Malawi zilikwenda mahakamani mwaka 2007, kabla uzalishaji haujaanza, na shauri likaisha kwa maridhiano. Mgodi ulianza kuzalisha 2009, ukasimama 2014, na siku hizi umefufuliwa. Uliposimama, ukaja mpango wa kumwaga maji yaliyosafishwa katika Mto Sere, ambao maji yake huishia ziwani kupitia Rukuru Kaskazini. Watu wakapinga. Desemba 2016, Watanzania wanane waliokwenda kujifunza athari za mgodi huo walikamatwa na polisi wa Malawi, wakakaa mahabusu kwa miezi.

Sisi hatuwezi kusema hayo ni ya Wamalawi. Ziwa Nyasa lina kina cha mita zipatazo 700 na mlango mmoja tu wa kutokea, Mto Shire, kusini kabisa. Kinachoingia huku kaskazini hakiondoki upesi. Samaki aitwaye mbasa hupanda mito kutaga. Mto ukiharibika, mvuvi wa Matema ataona kwenye nyavu zake.

Tazameni pia njia mbili walizopita wenzetu. North Mara, polisi walilinda mgodi wa dhahabu kwa makubaliano na mwenye mgodi. Mei 2011 watu kadhaa waliuawa kwa risasi, kesi ikafika London na kumalizika nje ya mahakama mwaka 2015. Lamu, wananchi walipeleka hoja zao kwenye baraza la mazingira la Kenya. Tarehe 26 Juni 2019 baraza likafuta leseni ya mtambo wa umeme wa makaa ya mawe, sababu mojawapo ikiwa wananchi hawakushirikishwa ipasavyo. Mtambo ulikuwa haujajengwa.

Basi, mkiona bikoni zimechomekwa, msisubiri malori ya kokoto. Takeni mkutano wa kijiji uitishwe, na muhtasari uandikwe. Ombeni kuona cheti cha mazingira. Pimeni: Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 inakataza shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ufukwe wa ziwa au kingo za mto. Pelekeni pingamizi kwa maandishi kwa wasimamizi wa mazingira wa taifa, NEMC, Mbeya, na mbaki na nakala yenye mhuri. Mkitaka kuandamana, toeni taarifa polisi saa 48 kabla, na asiwepo mwenye jiwe mkononi.

Nanyi ndugu zetu polisi, kabla ya kupanga askari ombeni vibali na mvisome. Posho na mafuta ya gari vitoke serikalini, si kwa mwenye kiwanda. Anayeandamana kwa amani mlindeni kama mnavyolinda saruji. Mahakama ikisema simama, fungeni lango hilo kwa mikono yenu.

Ndugu yenu,
Berlin