KIMYA CHA OFISI SI JIBU

Mfanyabiashara akiuza duka lake, au akifariki akawaachia wanawe, leseni haina budi kuhamishwa jina. Kazi hiyo ni ya kalamu na muhuri. Lakini wanachama wetu, wa mjini na wa mashamba, wanajua jinsi inavyoweza kugeuka safari isiyo na kituo: leo mkubwa hayupo, kesho faili halionekani, keshokutwa rudi wiki ijayo. Huku nyuma kodi ya pango haisimami, bidhaa zinaharibika, na mwenye duka akifungua mlango anaogopa kushitakiwa kwa kufanya biashara bila ya leseni.

Sisi tunasema wazi: kuchelewesha ni kukataa kwa mlango wa nyuma, tena ni kukataa kubaya zaidi. Aliyeambiwa hapana analo la kukatia rufaa, aliyenyamaziwa hana.

Je, raia hana pa kushika? Anapo. Mahakama Kuu za nchi zilizorithi sheria ya Kiingereza, na za Afrika Mashariki zimo, zina uwezo wa kumshurutisha mtumishi wa Serikali atimize wajibu aliowekewa na sheria. Amri hiyo haimwambii atoe leseni. Humwambia aamue, asikalie karatasi za watu. Mwaka 1975 Mahakama ya Rufaa ya Uingereza ilimwamuru Waziri wa Mambo ya Ndani ayashughulikie maombi ya wanawake waliokuwa na haki ya kuishi huko na waume zao, asiwarejeshe Bara Hindi kungoja zamu ya miezi mingi. Ikiwa waziri mzima alishurutishwa, karani ni nani?

Lakini mahakama haimfai aendaye mikono mitupu. Mwombaji ahakikishe maombi yake yametimia na ada imelipwa. Aweke stakabadhi, na nakala iliyogongwa muhuri wa tarehe. Kisha aandike barua ya kudai jibu, ataje muda wa kiasi, na aipeleke kwa mkubwa wa ofisi. Kama sheria imeweka pahala pa kupeleka malalamiko, apite huko kwanza. Akinyamaziwa tena, kimya hicho kitakuwa ushahidi wake. Na amwone wakili mapema, kwani muda wa kufungua mashauri ya namna hii aghalabu ni mfupi.

Jirani zetu wa Kenya wamekwenda mbele. Kifungu cha 47 cha Katiba yao ya mwaka 2010 kinampa kila mtu haki ya kutendewa na Serikali kwa haraka, kwa sheria na kwa uadilifu, na sheria yao ya mwaka 2015 imeutaja ucheleweshaji usio na sababu miongoni mwa mambo ya kupeleka mahakamani. Lakini sheria hiyo hiyo inataka uwepo muda uliowekwa na sheria, nao uwe umepita. Hapo pana funzo: pasipo tarehe, mchelewaji hakosi udhuru.

Tena si kila muuza sukari na chumvi anaweza kumlipa wakili. Kwa hiyo dawa ya kweli imo katika sheria yenyewe. Umoja wa Ulaya, kwa agizo lake la mwaka 2006 juu ya biashara za huduma, uliamua kwamba muda ukipita bila ya jibu, ruhusa ihesabiwe imetolewa, isipokuwa pale ambapo maslahi ya umma yanataka vingine. Nayo sheria ya Uingereza ya mwaka 2003, ya nyumba zinazouza vileo, inamruhusu anayehamishiwa leseni aombe aitumie kwa muda tangu siku maombi yake yalipopokelewa. Ikiwa wauza vileo wamefikiriwa hivyo, muuza unga ana kosa gani?

Basi tunadai mambo matatu. Sheria itaje siku za kujibu maombi ya kuhamisha leseni. Siku hizo zikipita kimya, maombi yahesabiwe yamekubaliwa. Na mnunuzi au mrithi aruhusiwe kuendelea na kazi kwa leseni iliyopo mpaka ajibiwe.

Wahenga walisema subira huvuta heri. Lakini walisema pia kwamba ngoja ngoja huumiza matumbo. Wanachama, wekeni stakabadhi zenu, andikeni barua zenu, na msitoe hata senti moja ya kununua kilicho haki yenu.