Deni la Mgambo na Ada ya Mjukuu

Mfumo wa Tanzania wa kugharamia elimu ya juu unamtambua yatima, unamtambua mwenye ulemavu na unamtambua mtoto wa kaya iliyomo katika mpango wa kunusuru kaya maskini unaosimamiwa na TASAF, lakini hauna mlango uliotengwa kwa ajili ya mtoto wa askari aliyeuawa, aliyejeruhiwa au aliyerudi kutoka vitani mikono mitupu. Bodi ya Mikopo ya Wanafunzi wa Elimu ya Juu, iliyoundwa kwa Sheria Na. 9 ya mwaka 2004 na kuanza kazi mwaka uliofuata, hupima uhitaji wa mwombaji, yaani pengo lililopo kati ya gharama za masomo na uwezo wa familia yake, na katika kipimo hicho utumishi wa kijeshi wa mzazi hauna uzito wake wenyewe. Katika wilaya kama Lushoto, ambako mashamba ya miteremkoni yamegawanywa kutoka baba hadi wana mpaka vipande vimekuwa vidogo, na ambako nguvu za kijana mmoja ndizo zinazoamua kama viazi na kabeji vitafika barabarani kabla havijaoza, upungufu huo si jambo la kinadharia.

Vita inayohusika zaidi ni ile ya Kagera. Majeshi ya Idi Amin wa Uganda yalipovamia mwishoni mwa Oktoba 1978, Tanzania ilikuwa na askari wapatao 40,000, na kufikia mwaka 1979 jeshi lilikuwa limepanuka na kuwa na watu zaidi ya 100,000, kwa kuwachukua polisi, askari magereza, vijana wa Jeshi la Kujenga Taifa na mgambo, yaani raia waliokuwa wamepewa mafunzo ya kijeshi vijijini na sehemu zao za kazi bila ya kuwa waajiriwa wa jeshi. Kampala ilitekwa tarehe 11 Aprili 1979. Askari wa kudumu aliyerudi alirudi kwenye kambi yake, akaendelea kupandishwa cheo, na alipostaafu alipata kiinua mgongo, ambacho ni malipo ya mkupuo, pamoja na pensheni ya kila mwezi. Mgambo alirudi kwenye jembe. Risasi iliyoruka Masaka au Lukaya haikuuliza ni nani aliye katika orodha ya mishahara ya kudumu, lakini orodha hiyo ndiyo iliyoamua maisha ya watoto wao kwa miaka arobaini iliyofuata.

Wakati nao uliwageuka. Mtoto aliyezaliwa mwaka 1980, baada ya baba yake kurejea, alifikia umri wa kuingia chuo kikuu karibu na mwaka 2000. Wazazi wake walikuwa wameingia vitani katika nchi ambayo serikali ililipa gharama zote za mwanafunzi wa chuo kikuu, nauli na chakula vikiwemo. Yeye alikua katika nchi iliyoanza kutekeleza sera ya uchangiaji gharama mwaka 1992, ambayo ilihamishia mzigo huo hatua kwa hatua kwenye mabega ya familia. Bodi ya Mikopo ilipofungua milango, wengi wa rika lake walikuwa wamekwisha kuoa na kushika majembe ya baba zao. Kwa hiyo kizazi ambacho deni lingepaswa kulipwa kwacho kilipita kati ya milango miwili, mmoja ukiwa umefungwa na mwingine haujafunguliwa, na hiyo ndiyo sababu nzito ya kudai kwamba leo suala hili ni la wajukuu.

Historia ya Usambara, milima ambamo Lushoto imo, inaonyesha kwamba kuchelewa huku si kwa mara ya kwanza. Askari Waafrika waliomtumikia von Lettow-Vorbeck, kamanda wa jeshi la Wajerumani katika Vita Kuu ya Kwanza, wakati Lushoto ikiitwa Wilhelmstal, walisalimisha silaha pamoja naye mwezi Novemba 1918, na ilipofika mwaka 1964 ndipo serikali ya Ujerumani Magharibi ilipoamua kuwalipa wale waliokuwa bado hai malimbikizo ya mishahara yao. Malipo hayo yalimfuata mtu mwenyewe, na aliyekuwa amekufa hakuacha haki yoyote kwa mwanawe. Makumi ya maelfu ya vijana wa Tanganyika walichukuliwa tena katika Vita Kuu ya Pili, baadhi yao wakafika Burma wakiwa katika King's African Rifles, na waliorudi Mlalo waliukuta mradi wa kuhifadhi udongo ulioanzishwa mwaka 1946, ambao uliwataka wakulima wachimbe matuta kwa shuruti mpaka upinzani wao ulipouangusha katika miaka ya 1950. Serikali ile ya kikoloni ilijua kuhesabu mikono ya watu kila ilipoihitaji, ila haikujua kuhesabu ilichowiwa na wenye mikono hiyo.

Nchi nyingine zimejaribu njia mbalimbali, na makosa yao yanafundisha kuliko mafanikio yao. Marekani ilipitisha mwaka 1944 sheria iliyowalipia askari waliorudi vitani gharama za masomo, na majimbo yake kadhaa yamekwenda mbali zaidi kwa kuwasamehe ada wake na watoto wao. Jimbo la Texas liliruhusu mwaka 2009 saa za masomo ambazo mkongwe hakuzitumia zihamie kwa mtoto wake, na gharama zikapanda mara kadhaa ndani ya miaka michache, huku vyuo vya umma vyenyewe vikibeba sehemu kubwa ya mzigo kwa kupoteza ada ambayo haikufidiwa. Uganda, ilipowapunguza wanajeshi zaidi ya 36,000 kati ya mwaka 1992 na 1995, iliweka ada ya shule ya watoto katika kifurushi cha kuwaaga, pamoja na mabati ya kuezekea nyumba. Wazo lilikuwa zuri, lakini msaada wa muda mfupi humfikisha mtoto katikati ya ngazi tu. Afrika Kusini iliandika msaada wa elimu kwa wategemezi katika Sheria ya Wakongwe wa Kijeshi ya mwaka 2011, na tangu hapo uhakiki wa nani hasa ni mkongwe umekuwa kazi ngumu kuliko kulipa kwenyewe.

Pingamizi kubwa dhidi ya msamaha wa ada wa namna hii halipaswi kupuuzwa. Ibara ya 28 ya Katiba inaufanya ulinzi wa taifa kuwa wajibu wa kila raia, na wajibu, husemwa, haudaiwi malipo. Zaidi ya hayo, vita ya Kagera ililipiwa na nchi nzima, kwani wananchi walitakiwa kufunga mikanda kwa miezi 18 ambayo kwa wengi ilirefuka na kuwa miaka ya foleni za sukari na sabuni, na wanavijiji wa Kagera waliouawa majumbani mwao hawakuwa na sare. Kwa nini basi mjukuu wa mgambo wa Mtae apite mbele ya mjukuu wa muuguzi wa Bumbuli? Hoja hii ina nguvu dhidi ya msamaha unaofuata sare peke yake, kwa sababu mtoto wa ofisa mstaafu mwenye pensheni na nyumba mjini hana dai kubwa kuliko la mtoto wa mwalimu. Haina nguvu dhidi ya msamaha unaofuata hasara. Mikanda ilifungwa na wote; kifo hakikugawanywa kwa wote. Takwimu rasmi zilitaja askari 373 wa Tanzania waliokufa katika vita ile, na hazina ya taifa haiwezi kusema kwamba ingelemewa na ada za familia 373.

Kuna jambo jingine linalouma zaidi, nalo si la historia. Tarehe 7 Desemba 2017 walinda amani wa Tanzania walishambuliwa Semuliki, mashariki mwa Kongo, na zaidi ya kumi wakauawa. Miaka minne kabla yake saba walikuwa wameuawa Darfur. Mtoto wa mmoja wao anapoomba kuingia chuo kikuu anahesabiwa kuwa yatima, na kwa sababu hiyo anapewa kipaumbele, lakini anachopewa ni mkopo, naye atakatwa asilimia 15 ya mshahara wake mpaka mkopo huo uishe. Fidia ya kifo, hata ikilipwa yote, huwa imekwisha kuliwa na kodi ya nyumba, chakula na ada za shule za chini kabla mtoto hajafikia hatua hiyo. Taifa linamkopesha mtoto kile ambacho baba yake alikwisha kulipia kwa uhai wake. Hapa neno linalofaa ni ruzuku, yaani fedha ambayo hairudishwi, na ufadhili unaoitwa kwa jina la Rais Samia, unaowalipia tangu 2022 wanafunzi waliofaulu vizuri zaidi masomo ya sayansi, umethibitisha kwamba serikali inaweza kulipa ruzuku ya namna hiyo ikiamua.

Ruzuku hiyo ikiishia kwenye chuo kikuu itakuwa imewapita wengi wa milimani. Kijana wa Rangwi au Mlalo anayemaliza kidato cha nne huelekea zaidi vyuo vya kati, yaani vile vinavyotoa cheti na stashahada, na mikopo ya stashahada, iliyoanza mwaka wa masomo 2023/24, ilielekezwa kwenye fani chache zilizoteuliwa, kama vile afya, kilimo na uhandisi. Chuo cha Uongozi wa Mahakama, kilichoundwa kwa sheria ya mwaka 1998 na kilichopo Lushoto penyewe, kinafundisha sheria, fani ambayo haikuwa katika orodha hiyo. Mtu anaweza kuliona lango la chuo akishuka na mzigo wa matunda kuelekea sokoni, na asiwe na njia ya kuliingia.

Ugumu wa kweli uko kwenye ushahidi. Bodi huomba cheti cha kifo kilichohakikiwa na RITA, wakala wa serikali wa usajili wa vizazi na vifo, lakini mgambo wa mwaka 1978 aliitwa kwa tangazo la kijiji, akashuka kwa lori zile kona za kilomita zipatazo 33 hadi Mombo, na karatasi aliyorudi nayo, kama alipewa, imekunjwa mara nne ndani ya mfuko wa nailoni chini ya godoro, wino ukiwa umefifia kwenye mikunjo mpaka namba haisomeki. Anayedaiwa karatasi hiyo leo ni mjukuu ambaye hakuwa amezaliwa. Mzigo wa kuthibitisha unapaswa kuhamia kwa serikali, ambayo tayari ina mshauri wa mgambo katika kila wilaya, na ambayo inaweza kuyasoma majina mbele ya mkutano mkuu wa kijiji ili waliokwenda pamoja wayakubali au wayakatae hadharani, kwa kuwa mwongo hufahamika upesi mbele ya aliyelala naye handaki moja. Ruzuku hiyo itolewe kwa mjukuu mmoja wa kila aliyethibitishwa, pale ambapo hakuna mwana aliyesomeshwa, na itolewe mapema, kwa sababu kijana aliyekuwa na miaka 20 Kampala ilipotekwa sasa amepita 65, na mashahidi wanapungua kila masika.