Dada wa Siakago, Shika Hiyo Maikrofoni



Unakumbuka Mei 2024? Kaunti ya Mombasa ilipiga marufuku muguka, Kilifi na Taita Taveta zikafuata. Huku kwetu Mbeere watu wakawaka. Kesi ikafika Mahakama Kuu ya Embu, marufuku ikasimamishwa.

Sasa niambie, wewe Mwislamu wa Siakago ulikuwa upande gani? Ndugu zako wa Pwani wanalia kwamba vijana wao wanaharibika. Jirani yako hapa, pengine hata babako, analipa karo kwa muguka huohuo. Wewe unazielewa pande zote mbili. Lakini ni nani wa kwetu uliyemsikia redioni akiyaeleza hayo? Mimi sikusikia hata mmoja.

Kusimama katikati ya watu wasioelewana mpaka wasikizane, hiyo ndiyo kazi ya balozi. Wacha nikupe habari za mwanamke aliyeanza kujifunza kazi hiyo mbele ya maikrofoni.

Anaitwa Amat Al-Alim Alsoswa. Ni Myemeni, mzaliwa wa Taiz, 1958. Alianza kusikika katika redio ya Taiz akiwa bado mtoto. Baadaye akawa mtangazaji wa televisheni Sanaa. Alisomea mawasiliano Chuo Kikuu cha Cairo, kisha akachukua shahada ya pili Washington, Marekani. Akapanda ngazi Wizara ya Habari hadi unaibu waziri. Halafu akatumwa Uholanzi, mwanamke wa kwanza wa Yemen kuwa balozi. Mwaka 2003 akawa Waziri wa Haki za Binadamu. Kuanzia 2006 hadi 2012 aliongoza ofisi ya nchi za Kiarabu katika Shirika la Maendeleo la Umoja wa Mataifa, kwa cheo cha Msaidizi wa Katibu Mkuu.

Ona hiyo safari ilianzia wapi.  Ilianza na sauti ya mtoto wa kike redioni.

Na si bahati tu. Mtangazaji mzuri hujifunza kusema jambo zito kwa maneno machache. Hujifunza kumuuliza mkubwa swali gumu bila kumtukana, na kunyamaza ajibiwe. Hujifunza kwamba sentensi moja inasikika kwa mzee wa kijijini na kwa waziri kwa wakati mmoja, na wote wawili lazima waielewe. Ukishayajua hayo, meza ya mazungumzo haikutishi.

Najua utaniambia, "Lakini si huyo alikuwa mdomo wa serikali?" Swali la haki. Wizara ya Habari aliyoifanyia kazi ilikuwa ya Ali Abdullah Saleh, na serikali ile haikuwa rafiki wa kila mwandishi. Anayeingia ofisini lazima ajichunge, kwa sababu mshahara unaweza kuinunua sauti polepole.

Na utasema pia, "Yemen si iliungua tu?" Ni kweli. Mwaka 2013 Wayemeni 565 waliketi kwenye Mazungumzo ya Kitaifa, karibu thuluthi moja wakiwa wanawake, na Alsoswa akiwa mmoja wao. Septemba 2014 Sanaa ikatekwa. Maneno hayakuzuia risasi. Lakini vita vingi huishia mezani, na hapo ndipo utakapoona kama watu wako wana mtu anayejua kusema.

Sikufichi hatari. Hafsa Mossi wa Burundi alitoka kuwa mwandishi wa BBC, akawa waziri, kisha mbunge wa Bunge la Afrika Mashariki. Aliuawa kwa risasi Bujumbura tarehe 13 Julai 2016. Allah amrehemu. Kusema kwa niaba ya watu si mchezo.

Na usiniambie ati sisi wa bara ni wachache mno. Amina Mohamed alizaliwa Kakamega, mbali na Mombasa na mbali na Garissa. Yeye alipitia sheria, si utangazaji, na mwaka 2013 akawa mwanamke wa kwanza kuwa Waziri wa Mambo ya Nje wa Kenya.

Kaka, hebu tuseme ukweli. Binti akisoma kasida mbele ya umati siku ya Maulidi tunampigia takbir. Binti huyohuyo akisema anataka kusomea uandishi wa habari, ghafla inakuwa aibu. Sauti ni ileile! Tunamnyamazisha wenyewe, halafu habari zetu zikielezwa vibaya tunalalamika hatuna msemaji.

Dada yangu, usingoje Nairobi. Jiunge na klabu ya uandishi shuleni, na mjadala ukiitishwa, inua mkono. Piga simu kwenye kipindi cha Kimbeere. Unakijua Kimbeere, unajua Kiswahili, Kiingereza umefundishwa, na Kiarabu cha madrasa usikidharau. Wangapi wana lugha nne kama wewe? Kaunti inapoita wananchi watoe maoni kuhusu bajeti, nenda na hoja moja uliyoiandaa. Katiba ya 2010 imekupa nafasi hiyo, na haijauliza umevaa nini kichwani.

Na wewe mzazi, mwanao akiomba karo ya chuo cha mawasiliano, usimkatize. Msikilize kwanza.

Muguka itarudi kwenye habari, na pande zile mbili zitagombana tena. Siku hiyo nataka niwashe redio nisikie sauti ya binti wa Siakago akiwaeleza wote wawili, kwa adabu na bila woga.

Isiwe kimya tena.