Safari Rally katika michezo ya video: Barabara za Kenya, mlango wa wengine

Tarehe 3 Septemba mwaka 2020, wachezaji wa michezo ya video katika nchi mbalimbali walianza kuendesha magari ya mashindano katika vumbi la Bonde la Ufa nchini Kenya. Hawakuhitaji kukanyaga Naivasha. Mashindano yenyewe ya Safari Rally, yaliyokuwa yamepangwa kufanyika mwezi Julai mwaka huo, yalikuwa yamefutwa kutokana na janga la virusi vya corona.

Kilichotoka siku hiyo ni WRC 9, mchezo rasmi wa video wa ubingwa wa dunia wa mbio za magari, uliotengenezwa na kampuni ya KT Racing ya Paris na kusambazwa na kampuni ya Nacon, pia ya Ufaransa. Kenya ilikuwa miongoni mwa nchi tatu zilizoongezwa humo, pamoja na Japan na New Zealand.

Hivyo Safari Rally ilirejea kwenye skrini zaidi ya miezi tisa kabla ya kurejea barabarani. Magari halisi yaliondoka mwezi Juni mwaka 2021, na Mfaransa Sébastien Ogier akaibuka mshindi. Ilikuwa mara ya kwanza kwa Kenya kuwa katika kalenda ya ubingwa wa dunia tangu mwaka 2002.

Wapenzi wengi wa mbio hizo walilipokea jambo hilo kwa fahari, na walikuwa na haki. Lakini fahari hiyo inaambatana na swali ambalo halijaulizwa vya kutosha. Barabara ni za Kenya, na sehemu kubwa ya gharama za kuandaa mashindano imetoka katika hazina ya umma wa Kenya. Je, mwananchi wa Kenya, Uganda au Tanzania anaingiaje katika mchezo huo?

Kutoka barabarani hadi kwenye skrini

Safari Rally ilianza mwaka 1953, wakati wa kutawazwa kwa Malkia Elizabeth wa Pili wa Uingereza, na njia yake ilipita Kenya, Uganda na Tanganyika. Ilikuwa mali ya eneo zima la Afrika Mashariki. Joginder Singh wa Kenya aliishinda mara tatu, na Shekhar Mehta, aliyezaliwa Uganda, aliishinda mara tano.

Watengenezaji wa michezo ya video waliivutiwa nayo mapema. Mchezo wa Colin McRae Rally 2.0, uliotolewa na kampuni ya Codemasters ya Uingereza mwaka 2000, ulikuwa na barabara za Kenya. Mwaka uliofuata kampuni nyingine ya Uingereza, Evolution Studios, iliiweka Safari katika mchezo rasmi wa WRC kwa ajili ya mashine ya PlayStation 2.

Hata hivyo, Safari ya miaka hiyo ilikuwa vigumu kuitia ndani ya mashine. Baadhi ya mikondo yake ilizidi kilomita 100, na magari yalishindana katika barabara za kawaida ambazo hazikufungwa kwa wasafiri wengine. Ndiyo maana timu zilitumia helikopta kumwonya dereva juu ya ng'ombe, malori au watu waliokuwa mbele yake. Mchezaji wa nyumbani alipewa kipande kifupi tu cha mateso hayo.

Safari iliyorejea mwaka 2021 ina sura nyingine. Mikondo yake mingi ni mifupi, hufungwa kwa wasafiri wengine, na imekusanyika katika eneo la Naivasha na Elmenteita. Mashindano ya namna hiyo ni rahisi zaidi kupimwa, kupigwa picha na kuchorwa upya kwa kompyuta.

Baada ya KT Racing, leseni ya WRC ilikwenda kwa Codemasters, ambayo wakati huo ilikuwa imekwisha nunuliwa na kampuni ya Marekani ya Electronic Arts. Mchezo wake, EA Sports WRC, ulitoka mwezi Novemba mwaka 2023 ukiwa na Kenya ndani yake, ikiwemo mikondo yenye majina ya Malewa na Soysambu. Watengenezaji walibadilisha mtambo wa programu waliokuwa wakiutumia ili waweze kujenga mikondo mirefu zaidi. Wakaguzi waliusifu uendeshaji wake, ingawa wachezaji wengi wa kompyuta walilalamika kwamba picha zilikuwa zikikwama ulipotoka.

Uhusiano kati ya Kenya na michezo hii si wa upande mmoja tu. Colin McRae, dereva wa Scotland aliyeupa mchezo wa Codemasters jina lake, alishinda Safari mara tatu, mara ya mwisho mwaka 2002. Dereva kijana wa Kenya, McRae Kimathi, alipewa jina hilo kwa heshima yake, na mwaka 2022 alishiriki ubingwa wa dunia wa vijana, ukiwemo mkondo wa theluji nchini Sweden.

Roseville na Mombasa

Tofauti kati ya wanaoweza kuununua mchezo kwa urahisi na wasioweza inaonekana wazi ukilinganisha Pwani ya Kenya na mahali ambapo Waafrika Mashariki wengi wamehamia. Mfano mmoja ni Roseville, mji mdogo unaopakana na Minneapolis na Saint Paul katika jimbo la Minnesota, Marekani. Eneo hilo lina jamii kubwa za watu wenye asili ya Somalia, Ethiopia na Kenya.

Roseville ina nafasi yake katika historia ya biashara ya vifaa vya elektroniki. Mwezi Juni mwaka 1981 kimbunga kililiharibu duka la kampuni ya Sound of Music, iliyokuwa ikiuza redio na vyombo vya muziki. Wenye duka waliuza kwa bei nafuu bidhaa zilizookolewa, na umati wa wateja ukafurika. Kutokana na funzo la mauzo hayo kampuni ilibadili mtindo wake, na mwaka 1983 ikachukua jina la Best Buy. Baadaye ikawa miongoni mwa wauzaji wakubwa wa mashine za michezo ya video Marekani.

Mzaliwa wa Nakuru anayeishi Roseville, kwa hiyo, hana shida. Huingia dukani, au hufungua akaunti yake kwenye intaneti kwa jina na nchi anakoishi, akalipa, akacheza. Ndugu yake aliyebaki Nakuru, ambako magari yenyewe hupita jirani, hana njia hiyo.

Jambo hilo lilidhihirika mwezi Mei mwaka 2024. Kampuni ya Sony ilitangaza kuwa wachezaji wa Helldivers 2 kwenye kompyuta ni lazima wafungue akaunti ya PlayStation. Mchezo huo ukaondolewa sokoni katika nchi na maeneo 177 ambako huduma ya akaunti hizo haikuwepo rasmi. Kenya, Tanzania na Uganda zilikuwa miongoni mwake. Sony ililegeza sharti hilo siku chache baadaye kufuatia malalamiko makubwa, lakini orodha ilikuwa imekwisha onekana na kila mtu.

Afrika Kusini ilikuwa na huduma hiyo, na Oman pia. Maana yake ni kwamba Mswahili wa Muscat aliweza kujitambulisha kwa nchi yake, lakini Mswahili wa Mombasa au Unguja hakuweza.

Wachezaji wa Afrika Mashariki hawakukaa bure. Wengi hufungua akaunti wakijitaja kuwa wakazi wa Marekani, Uingereza au Afrika Kusini, kisha hununua kadi za malipo za nchi hizo. Lakini kwa masharti ya kampuni hilo ni kutoa taarifa zisizo sahihi, na mwenye akaunti anaweza kufungiwa pamoja na michezo yote aliyoilipia. Wenye kompyuta zenye nguvu wana nafasi zaidi, ila kompyuta hizo ni ghali. Vijana wengi huishia katika vibanda vya mtaani, ambako hulipa kwa kila mchezo, na kinachotawala humo ni kandanda.

Hoja ya soko

Kampuni kubwa zinaweza kueleza kwamba soko la Afrika Mashariki ni dogo, kodi zinatofautiana, na wateja wengi hawana kadi za benki. Hoja mbili za mwanzo zina uzito. Ya tatu imepitwa na wakati, kwa kuwa Kenya imekuwa ikilipana kwa simu kupitia M-Pesa tangu mwaka 2007.

Zaidi ya hayo, udogo wa soko kwa sehemu unatokana na kufungwa kwake. Mchezaji wa Kisumu anayetumia akaunti ya Marekani huhesabiwa kuwa mteja wa Marekani. Anapolipa, takwimu za nchi yake zinabaki sifuri, na sifuri hiyo hutumika tena kuthibitisha kwamba hakuna wateja.

Kwa watengenezaji wa eneo hili madhara ni makubwa zaidi. Mwanzoni mwa muongo wa 2010 kampuni ya Planet Rackus ya Nairobi ilitoa Ma3Racer, mchezo wa mbio za matatu. Ulikuwa wa simu, na sababu yake si vigumu kuielewa. Ili kutengeneza mchezo wa PlayStation au Xbox ni lazima kwanza ukubaliwe na mwenye mashine, upate vifaa vyake maalumu, kisha uuze katika duka lake, ambalo kwa kawaida huchukua asilimia 30 ya mapato. Ni vigumu kumshawishi kijana wa Nairobi aingie gharama hiyo kwa duka ambalo jirani zake hawawezi kununua humo kwa majina yao halisi.

Mwaka 2027

Mwaka 2025 Codemasters ilitangaza kuwa haitaendelea kuupanua mchezo wake wa WRC na kwamba imesimamisha mipango ya michezo mingine ya aina hiyo. Mwaka huohuo ilitangazwa kuwa leseni ingerudi kwa Nacon kuanzia mwaka 2027.

Mabadiliko hayo yanaipa Kenya nafasi ya kuzungumza. Haki za kibiashara za mashindano, ikiwemo leseni ya michezo ya video, ziko mikononi mwa kampuni ya WRC Promoter, ambayo ndiyo hukubaliana na nchi mwenyeji. Mazungumzo ya Nairobi kuhusu makubaliano hayo yamejikita zaidi katika ada, utalii na matangazo ya televisheni. Yangeweza pia kudai vijana wachache wa Kenya wafunzwe katika studio zinazochora Naivasha, na mchezo uuzwe rasmi, kwa njia za malipo za hapa, katika nchi ambazo mashindano hayo yalizaliwa.

Madai hayo hayana gharama kubwa kwa upande wowote. Lakini ni lazima yatolewe kabla ya mikataba kutiwa saini, kwa kuwa leseni inapoisha, mara nyingi mchezo huondolewa madukani na barabara zilizochorwa huondoka nao.