Kabla Uongeze Pesa ya Waifai, Chomeka Waya

Wasee, kila wiki naulizwa swali moja: "Net yangu inakwama, niongeze pakeji?" Hapana. Weka hiyo pesa kwanza.

Mimi niliongeza. Nikatoka Mbps 10 nikaenda 20, elfu moja zaidi kila mwezi, miezi minne, na bado nikiwa kitandani video inazunguka tu. Kila nikipiga simu, dada wa huduma kwa wateja ana majibu mawili: zima ruta uwashe tena, halafu tuna ofa ya pakeji kubwa zaidi. Hakuna siku aliniuliza ruta iko wapi.

Ilikuwa pale fundi wao alipotoboa ukuta, chini, nyuma ya TV. Kati yake na kitanda changu kuna kuta mbili za mawe. Siku moja nikaazima kebo kwa jirani, nikachomeka laptopu kwa ruta, nikapima: 19. Nikarudi kitandani, waifai: 4. Manze, nilikaa chini. Nilichokuwa nalipia kilifika kwa nyumba vizuri kabisa, kikapotelea ukutani.

Hizo dakika tano hawatakwambia, kwa sababu hazina ofa ndani yake. Toa simu zote kwa net, upime kwa waya. Ikisoma chini sana, badilisha kebo upime tena, kuna zile zimekunjwa mpaka zikafa. Bado iko chini? Basi shida ni yao: piga picha ya matokeo uwadai, usiongeze hata bob. Lakini waya ikisoma sawa, hata ulipie Mbps 100, ukuta hausomi risiti.

Kwa ploti ndio mbaya zaidi. Fungua orodha ya waifai uhesabu majina ya majirani. Wengi mmejazana 2.4 GHz, na huko chaneli ambazo hazigongani ni tatu tu: 1, 6 na 11. Ni msongamano wa Thika Road saa kumi na mbili jioni. 5 GHz ina nafasi na ina kasi, ila ukuta inauogopa, so itumie ukiwa chumba kimoja na ruta.

Najua kuna mtu atasema kampuni haiwezi kukupangia nyumba. Sawa, lakini ni fundi wao aliyechagua ile kona, juu waya wake ulifika hapo. Na ni wao wanaandika "hadi" kwa herufi ndogo kando ya namba kubwa. Hata hiyo namba ni biti, sio baiti, gawa kwa 8: Mbps 20 ni MB 2.5 kwa sekunde.

Nilinunua kebo ya mita 10 mpaka kwa meza yangu, ruta nikaipandisha juu ya kabati, nikarudi Mbps 10. Hiyo wiki dada wa huduma alinipigia mwenyewe, mara ya kwanza kabisa, kuuliza kama mtandao wao una shida yoyote.