Javier Bardem na Mama Aliyemlea

Akina mama wenzetu, mwezi huu safu yetu inakwenda hadi Hispania, kwa mwigizaji Javier Bardem. Wengi wenu mnamjua kwa sura: ndiye adui wa James Bond katika sinema ya Skyfall ya mwaka 2012, yule mwenye nywele zilizopakwa rangi ya dhahabu. Lakini sisi, kadiri tulivyozidi kusoma habari zake, ndivyo tulivyozidi kumtazama mama yake.

Bardem alizaliwa tarehe 1 Machi 1969 huko Las Palmas, katika Visiwa vya Kanari. Ukoo wa mama yake ni wa waigizaji. Babu Rafael na bibi Matilde waliishi kwa kazi hiyo, na mjomba wake Juan Antonio alikuwa mwongozaji mashuhuri wa filamu, aliyewahi kutiwa ndani na serikali ya Jenerali Franco. Mama yake, Pilar Bardem, naye alikuwa mwigizaji. Aliachana na mumewe Javier akiwa bado mdogo sana, akabaki na watoto watatu: Carlos, Mónica na huyo kitindamimba.

Hebu fikirini hali yake. Sheria ya talaka ilipitishwa Hispania mwaka 1981, na hadi mwaka 1975 mwanamke aliyeolewa alitakiwa kupata idhini ya mumewe kabla ya kuajiriwa au kufungua akaunti benki. Waigizaji nao hawakuwa watu wa kuheshimiwa sana. Pilar aliwalisha watoto wake kwa nafasi ndogo ndogo za jukwaani, za sinema na za televisheni. Leo kazi ipo, kesho haipo. Ni nani kati yetu asiyeijua hesabu ya namna hiyo? Wahispania hubeba majina mawili ya ukoo, la baba kwanza, kisha la mama. Javier alichagua kujulikana kwa lile la mama.

Kijana hakukimbilia sinema. Alijifunza uchoraji, akachezea timu ya taifa ya vijana ya raga. Jina lake lilivuma mwaka 1992 kwa filamu ya Jamón Jamón (si ya kutazama na watoto, tuseme wazi), ambamo aliigiza na msichana aitwaye Penélope Cruz. Mwaka 2010 walifunga ndoa, na sasa wana watoto wawili. Mapema mwaka 1996, katika usiku mmoja, mama na mwana walitunukiwa Goya, tuzo kuu ya sinema ya Hispania, kila mmoja kwa filamu yake.

Mwaka 2000 aliigiza kama mwandishi wa Kuba, Reinaldo Arenas, katika Before Night Falls. Alilazimika kuigiza kwa Kiingereza, lugha aliyokuwa akihangaika nayo, na bado akawa Mhispania wa kwanza kuteuliwa kuwania Oscar ya mwigizaji bora wa kiume. Mwingine angehamia Hollywood. Yeye alirudi nyumbani akaigiza Los lunes al sol, ya mwaka 2002, habari za wanaume walioachishwa kazi katika kiwanda cha meli. Wanaume wanakaa baa. Mke wa mmoja wao anakwenda zamu ya usiku kwenye kiwanda cha samaki. Akina mama, itafuteni hiyo.

Iliyotugusa kuliko zote ni Mar adentro ya mwaka 2004. Inasimulia maisha ya kweli ya Ramón Sampedro, aliyepooza kuanzia shingoni na kulala kitandani karibu miaka 30 akidai aruhusiwe kufa. Madai hayo ni mazito, na si kila msomaji atakubaliana nayo. Lakini mtazameni shemeji yake anayemgeuza, kumwosha na kumlisha kila siku. Bardem, aliyekuwa na umri wa miaka 35, alipambwa hadi akafanana na mtu wa miaka 55, kisha akaigiza kwa uso na sauti tu.

Mwezi wa Februari mwaka 2008 alishinda Oscar kwa nafasi ya muuaji katika No Country for Old Men. Pilar alikuwa ameketi ukumbini. Baada ya kushukuru kwa Kiingereza, Bardem aligeukia lugha ya nyumbani akazungumza na mama yake mbele ya ulimwengu mzima: tuzo ni ya mama, ya Rafael na Matilde, na ya waigizaji wote wa Hispania walioipa kazi hiyo heshima. Wengi waliokuwa wakitazama hawakuelewa hata neno moja. Aliyekusudiwa alielewa.

Pilar alifariki mwezi wa Julai mwaka 2021, akiwa na umri wa miaka 82. Miezi mitatu baadaye filamu ya El buen patrón ilianza kuonyeshwa katika majumba ya sinema ya Hispania, nayo ikampatia mwanawe Goya yake ya sita ya uigizaji.