Mchanga wa Mto Ukifika Kortini, Wewe Uko Upande Gani?

Msee, kama unaishi kwa ploti Pipeline, Roysambu ama Kitengela, kuna chance kubwa ukuta wa keja yako ulianza safari yake kwa mto fulani huko Ukambani. Ghorofa za Nairobi zinakula mchanga vibaya sana, na mwingi hutoka Machakos, Makueni na Kajiado. Kaunti zimeanza kusema imetosha. Wenye lori nao wanasema: basi tupatane kortini.

Kabla uchague side, elewa kitu kimoja. Mito mingi ya Ukambani ni ya msimu. Mvua ikiisha, unaona mchanga mkavu tu, lakini chini yake kuna maji. Mchanga ndio tangi. Watu huchimba shimo hapo katikati ya mto, wanateka, maisha inasonga. Ukibeba mchanga wote, mto unabaki mwamba, maji ya mvua yanapita mbio, kingo zinaporomoka, na mwenye mtungi anatembea mbali zaidi.

Ndio maana Makueni ilipitisha sheria yake ya kuhifadhi mchanga 2015, ikaunda na mamlaka ya kuisimamia. Kitui nao, chini ya Gavana Charity Ngilu, walipiga marufuku biashara ya kusafirisha mchanga na makaa nje ya kaunti Januari 2018. Muda mfupi baadaye lori la makaa likachomwa, na joto likapanda kati ya Kitui na wafanyabiashara wa Kiambu.

Sasa, sheria kama hizi zikipingwa kortini, mawakili hupiganishia mambo matatu.

Ya kwanza: nani mdosi wa mchanga? Kifungu cha 62 cha Katiba kinasema madini na mito ni ardhi ya umma, na serikali kuu ndiyo inaishikilia kwa niaba yetu. Sheria ya Madini ya 2016 nayo inaweka mchanga kwa madini ya ujenzi. Lakini Jedwali la Nne linapea kaunti kazi ya kutekeleza sera za kitaifa za kuhifadhi udongo na maji. Hapo ndipo wakili wa kaunti atashika na asiachilie.

Ya pili: biashara. Kifungu cha 209(5) kinakataza kaunti kutumia ushuru na ada kwa njia inayoumiza biashara inayovuka mipaka ya kaunti. Kenya ni soko moja, bana. Kaunti ikitoza tipa ada ya kutoa jasho kila kizuizi, mwenye tipa ana hoja.

Ya tatu: wananchi waliulizwa? Ushiriki wa watu uko kwa Kifungu cha 10. Sheria ikipikwa kwa ofisi bila kuhusisha watu, jaji anaweza kuitupa hata kama nia ilikuwa safi.

Lakini kaunti pia iko na silaha. Kifungu cha 42 kinampa kila mtu haki ya mazingira safi, na cha 69 kinataka mali asili itumike bila kumalizwa, faida igawanywe kwa haki.

India walishapitia hii. Sheria yao ilikuwa inasamehe machimbo madogo, ya chini ya hekta 5, kupata kibali cha mazingira. Wajanja wakafanya nini? Wakakata eneo kubwa vipande vidogo vidogo. Februari 2012, kwa kesi ya Deepak Kumar dhidi ya Jimbo la Haryana, Mahakama ya Juu ikasema hata vipande vidogo lazima vipate kibali. Wizi haukuisha, lakini huo mlango ulifungwa.

Maoni yetu? Marufuku kamili inapendeza kwa mkutano wa siasa, lakini kortini iko na miguu mibovu, na mtaani inahamisha tu kazi hadi saa nane usiku. Sheria ngumu kuangusha ni ile inasema wazi: mtu achimbe wapi, kiasi gani, msimu upi, na vijana wanaopakia kwa beleshi watalipwa aje. Hao ndio huwa wa kwanza kushikwa na karao, na wa mwisho kuona doh. Mwenye lori analala kwake.

Na usidhani hii ni kesi ya mawakili pekee. Kifungu cha 70 kinakuruhusu kwenda kortini kutetea mazingira bila kuonyesha kwamba wewe binafsi umeumia. Kwa hivyo mswada wa mchanga ukitangazwa kaunti yako, fika kwa kikao, ongea, hakikisha jina lako limeandikwa. Siku jaji atauliza kama wananchi walihusishwa, jibu litakuwa pale kwa karatasi.